Tangi Liliitika

Kijana aliyekuja kuosha tangi alitanguliza miguu, akakunja mabega, akazama ndani. Nilikuwa jikoni nachambua mchele. Tangi letu ni la plastiki, jeusi, la lita 2,000, limekaa juu ya mnara wa matofali nyuma ya jikoni, kwa hiyo kila alichofanya mle ndani nilikisikia: brashi ikisugua, maji machafu yakichotwa kwa kopo, na yeye mwenyewe akiimba kivivu, kama mtu anayeimba bila kujua kwamba anaimba.

Mwanzoni sauti yake ilikuwa ya kawaida tu, sauti ya mtu aliye chumba cha pili.

Kisha wimbo ukashuka, akafika mahali fulani chini, na nyumba nzima ikavuma.

Mfuniko wa sufuria ulitetemeka juu ya meza. Punje za mchele zilisogea kwenye ungo. Akanyamaza. Nadhani na yeye alishtuka. Halafu akairudia sauti ileile, taratibu, mdomo umefungwa, na tangi likavuma tena. Akapandisha kidogo: kimya. Akashusha kidogo: kimya. Akarudi palepale: vuuuum.

Alipotoka, amelowa mpaka mabegani, nilimuuliza alikuwa anafanya nini.

"Kila tangi lina sauti yake, dada. Ukiipata, linakuitikia. Usipoipata, utapiga kelele mpaka koo likauke."

Akachukua hela yake, akabeba ndoo, akaenda kwa jirani.

Wiki sita zimepita. Mpaka siku hizi chache zilizopita sikuandika ukurasa hata mmoja wa riwaya, na sababu ni sentensi ile.

## Nilivyokuwa nimeujenga

Mnaofuatilia blogu hii mnavijua visiwa vya Mwangwi, visiwa vya kubuni vya riwaya yangu, sitavieleza upya. Nitakumbusha jambo moja tu: uchawi wa kule ni wa sauti, na kwa miaka minne nimeujenga juu ya nguzo moja, kwamba nguvu iko kooni.

Kila kitu kilikuwa na jina lake la asili. Mwenye pumzi ndefu na sauti kubwa akilitamka jina hilo, kitu kinatii. Nilikuwa na daftari zima la ngazi na gharama zake. Mnong'ono ulimgharimu mwiti mate tu, mwito ulimgharimu siku nzima ya kukauka sauti, na ngurumo ilikula mwaka mmoja wa umri wake. Shujaa wangu Sikudhani, binti wa mvuvi, alizaliwa na sauti ya kupasua miamba, na hadithi yote ilikuwa safari yake ya kujifunza kuitawala.

Nililipenda daftari lile. Lilinifariji siku ambazo hakuna kingine kilichonyooka.

Lakini yule kijana hakupaza sauti. Alivumisha tu, mdomo umefungwa, mkono mmoja ukiendelea kusugua. Na kitu cha lita 2,000 kikaitikia mpaka mfuniko wa sufuria yangu ukacheza.

## Chumvi

Kabla tangi halijajazwa nilipanda na kamba yenye jiwe, nikapima ndani. Kutoka sakafuni hadi juu ni kama mita moja na nusu. Sauti hukimbia hewani kiasi cha mita 343 kwa sekunde joto likiwa nyuzi 20, na kwa joto letu la Tanga huongezeka kidogo. Kwenda juu na kurudi chini ni mita tatu. Ukigawanya, unapata mitetemo kama 115 kwa sekunde, nayo ni sauti nzito ya mwanamume asiyejikaza. Wimbi linagonga juu, linarudi chini, na linapofika linakuta koo ndiyo kwanza linasukuma wimbi jingine. Yanabebana. Sauti iliyo juu kidogo au chini kidogo hurudi kwa wakati usio wake, ikapunguzwa na inayofuata.

Basi, wenye fizikia watanisahihisha hapa, na nawakubalia kabla hawajaniandikia: tangi halikuongeza nguvu yoyote. Yote ilitoka kwa kijana. Tangi liliikusanya tu.

Bado sikutulia. Usiku ule nilichukua bakuli, nikalivika karatasi ya nailoni, nikaikaza kwa mpira mpaka ikawa kama ngozi ya ngoma, nikanyunyiza chumvi juu yake. Nikaweka mdomo karibu na ukingo, nikavumisha. Chumvi ikalala. Nikapandisha sauti polepole, kama mtu anayepapasa ukuta gizani akitafuta swichi. Chumvi imelala tu. Halafu, mahali fulani ambapo koo langu halipapendi, punje zote ziliruka kwa pamoja. Ziliruka juu kabisa! Zilipotua, zilijipanga duara, na katikati palibaki patupu.

Nilifanya hivyo mpaka saa saba za usiku. Midomo ilikufa ganzi.

Mjerumani Ernst Chladni alifanya hivi kwa ustadi mkubwa zaidi na akachapisha matokeo yake mwaka 1787. Alimwaga mchanga juu ya bamba, akasugua ukingo wa bamba kwa upinde wa fidla, na mchanga ukachora nyota, misalaba na vitu kama petali za ua. Watu hutazama picha zile wakasema, tazama sura ya sauti. Ila mchanga hukimbia panapotetemeka na kujikusanya pasipotetemeka. Kwa hiyo mistari ile mizuri ni ramani ya mahali ambapo bamba limekataa kuitika.

Nililiandika hilo kwenye kipande cha boksi la majani ya chai kwa sababu daftari lilikuwa mbali. Boksi bado ninalo.

Kisha kuna lile daraja. Mwaka 1831, huko Broughton karibu na Manchester, kikosi cha askari 74 hivi kilivuka daraja la kuning'inia kwa hatua za pamoja. Daraja likaanza kuyumba kwa kuzifuata hatua zao, wao wakafurahi, wengine wakapiga miluzi na kukanyaga kwa makusudi kulingana na myumbo. Daraja likaanguka upande mmoja. Hakufa mtu, ila kama 20 waliumia. Lilipochunguzwa ilionekana bolti moja ilikuwa na kasoro tangu ilipofuliwa.

Nyayo hazikuwa na nguvu ya kuvunja daraja. Zililiita kwa mwendo wake lenyewe, na kwenye ufa wake ndipo lilipoitikia.

## Usiitike

Marehemu bibi yangu alikuwa mtu wa Pangani, na alitufundisha mambo mawili ambayo nilikua nikiyaona hayapatani.

La kwanza lilikuwa la mchana. Ukiitwa, itika. Msichana aseme *abee*, mvulana aseme *naam*, na upesi, si mpaka uitwe mara ya pili. Mtoto anayeitwa akakaa kimya alikuwa amemvunjia heshima aliyemwita, hata kama alikuwa njiani anakuja.

La pili lilikuwa la usiku. Ukisikia jina lako linaitwa nje na hujui ni nani anayeita, usiitike. Hata sauti iwe ya mama yako, usiitike.

"Jina lako analijua kila mtu," aliniambia siku moja akinisuka, vidole vyake vinanukia mafuta ya nazi. "Jina si kitu. *Abee* yako ndiyo mlango."

Nilikuwa na miaka minane hivi. Nililihifadhi neno lile nikidhani nimehifadhi hofu tu. Wiki tatu baada ya tangi kuoshwa, nikiwa foleni ya kulipia ankara ya maji, lilinirudia zima, na mafuta ya nazi ndani yake.

Riwaya yangu yote ilijengwa juu ya jina. Bibi alikuwa amekwisha kuniambia kwamba jina si kitu.

Na ukitazama, maisha yetu yamejaa jambo hili. Tunapiga *hodi*, na hodi haifungui kitu mpaka mtu wa ndani aseme *karibu*. Hodi tatu bila jibu, unageuka unarudi ulikotoka, hata kama unaona ndara mlangoni na unasikia redio. Wimbo una mwimbaji, lakini kinachobaki mdomoni mwa watu ni kiitikio. Imamu anasoma, nyuma yake safu zinasema *amina*.

Basi nikaandika nadharia upya, usiku mmoja, mikono inatetemeka. Katika visiwa vya Mwangwi mwito hauna nguvu. Mwito ni ombi. Nguvu hutoka kwa kinachoitika, na gharama pia hulipwa na kinachoitika. Jiwe likiitwa likapasuka, jiwe ndilo lililojipasua. Upepo ukiitwa ukaja, mahali ulikotoka pamebaki pakavu. Na mwiti? Mwiti halipi kitu. Anaweza kuita tangu alfajiri mpaka magharibi na jioni akala chakula chake kwa raha.

Hapo nikaona kwa nini visiwa vile vina Jumbe tajiri na wavuvi maskini. Miaka minne nilikuwa nimeandika utajiri wake bila kujua unatoka wapi.

## Sikio halina kope

Furaha ile ilidumu siku nne.

Siku ya tano nilijiuliza swali ambalo ningependa lisingekuja. Tangi lilikuwa na hiari gani?

Halikuwa na hiari. Lilikuwa na kimo cha mita moja na nusu, basi. Ukileta mitetemo 115, linavuma, lipende lisipende. Chumvi haikunikubali wala haikunikataa. Daraja halikuchagua kuanguka. Na kama kuitika ni jambo la umbo tu, basi Jumbe wangu si dhalimu, ni mtu aliyepima vipimo vizuri. Na mtu je? Mtu naye si ana umbo?

Nilisoma kuhusu sikio, na hali ikazidi kuwa mbaya. Ndani kabisa, kwenye mfupa, kuna kijumba kilichojiviringa kama konokono, na humo kuna utando ambao ungeunyoosha ungefika kama milimita 35. Kila sehemu ya utando huo ina sauti yake. Sauti nyembamba hutikisa sehemu ya karibu na mlango, sauti nzito husafiri mpaka mwisho wa mzunguko. Mwanasayansi Georg von Békésy alipewa tuzo ya Nobel mwaka 1961 kwa kuonyesha namna mawimbi yanavyotembea mle ndani.

Maana yake ni kwamba kusikia kwenyewe ni kuitika. Kabla hujaamua lolote, kipande cha mwili wako kimeshaitika. Jicho lina kope, unaweza kulifumba. Sikio halina. Unaweza kuliziba kwa vidole, na bado sauti ikapita mfupani.

Basi bibi alitutaka tufanye nini usiku ule? Jina likishaitwa, ndani ya kichwa limeshaitikiwa.

Na lugha yetu wenyewe iko upande wa Jumbe. Tukisema *mtoto huyu hasikii* hatuna maana kwamba masikio yake ni mabovu. Tuna maana kwamba hatii. *Msikivu* ni mtoto mzuri, anayefanya alichoambiwa. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Kwa Kiswahili chetu, ukisikia umeshatii, na usipotii hukusikia. Hakuna nafasi katikati, hakuna neno la mtu aliyesikia vizuri kabisa, akaelewa, na akabaki amekaa.

Nilikaa na hilo wiki nzima. Nilifikiria kuacha kitabu. Sisemi hivyo kwa kupamba makala. Nililiweka daftari ndani ya begi la nguo za sikukuu, juu ya kabati.

Kitu kimoja tu kilinizuia nisilifunge kabisa, nacho ni siwa. Masimulizi ya kisiwa cha Pate yanasema mwanamke wa kule, Mwana Darini, aliandaa sherehe ya mwanawe, akaomba siwa ya mji, ile baragumu kubwa ambayo bila hiyo sherehe ya watu wakubwa haikuwa sherehe. Akanyimwa. Akamtafuta fundi, akachongesha siwa yake, mpya, ya pembe ya ndovu. Siwa ya pembe ya Pate iko leo kwenye makumbusho ya Lamu, ndefu kupita kimo cha mtu. Kama heshima ingekuwa ndani ya chombo cha zamani, au katika mlio wake, siwa mpya ingelia bure. Lakini ilipolia ilihesabiwa. Kuna masikio yaliyokubali kuihesabu. Hapo palikuwa na hiari, niliiona kwa mbali, ila sikuweza kuishika.

## Paukwa

Watoto wa kaka yangu walikuja kulala kwetu Ijumaa iliyopita. Watatu: wawili wakubwa kiasi, na mdogo wao wa miaka sita. Saa mbili usiku umeme ukakatika. Niliwasha mshumaa, nikaupachika juu ya kifuniko cha kopo, tukakaa mkekani, na wakubwa wakadai hadithi.

"Paukwa!"

"Pakawa!" wakasema wawili.

Yule mdogo alikuwa amenuna. Mchana nilimkataza kitu, hata sikumbuki nini, na alikuwa hajanisamehe. Alikuwa amekaa na magoti kifuani, ananitazama machoni moja kwa moja.

"Paukwa," nikarudia, nikimwelekea yeye.

Kimya.

Dada yake akamsukuma. "Shangazi anakuita, husikii?"

"Nasikia," akasema.

"Sasa itika!"

"Nasikia. Sijaitika."

Nilikuwa na kisa tayari mdomoni, cha Sungura na mama mwenye shamba la mihogo, kisa ambacho ningeweza kukisimulia nikiwa usingizini. Nikafungua mdomo. Sikuweza. Wawili walikuwa wameitika, sheria ya mkekani ilikuwa imetimia, na bado kisa kilikaa palepale kwenye ulimi, kwa sababu mtu mmoja mwenye miaka sita alikuwa amesikia kila kitu, kitu ndani ya sikio lake kilikuwa kimetikisika kama lilivyotikisika tangi, na juu ya mtikisiko ule alikuwa ameweka mkono wake, akautuliza.

*Nasikia. Sijaitika.*

Nafasi ambayo niliiambia lugha yangu kwamba haina, mtoto aliikalia, magoti kifuani.

Bibi hakutuambia tusisikie. Alijua tutasikia, alijua na mioyo itaruka. Alituambia tusiitike. Miaka yote hii nilikuwa nimeliweka lile neno la usiku upande wa hofu, kumbe alikuwa anatufundisha mahali pa kusimama kati ya mtikisiko na jibu. Na la mchana, lile la *abee* upesi? Nadhani alitaka tuijue gharama ya tunachotoa. Nimeligeuza mara nyingi na bado sina hakika nalo.

Mshumaa uliisha. Wakalala bila hadithi, na wakubwa wawili walilalamika sana.

## Visiwa, sasa

Daftari nimelishusha kabatini. Sikudhani hana tena sauti ya kupasua miamba. Ana koo la kawaida, hata kukwama hukwama. Alichonacho ni kwamba akikaa karibu na kitu kwa muda mrefu anaijua sauti yake, kama kijana wa matangi, na kwa sababu anaijua anaogopa kuiita. Ameona mti wa mwembe ukizaa katikati ya ukame kwa sababu mtu aliuita vizuri, na mwaka uliofuata ukafa.

Mawe na maji ya kule huitika kwa umbo, hayana la kufanya, na ndiyo maana kuyaita ni jambo zito. Watu huitika mara mbili. Mara ya kwanza ni ya mwili, haina hiari, hudumu kiasi cha pumzi moja. Ya pili ni yao. Jumbe na baragumu lake amejenga utawala wote juu ya kuificha tofauti hiyo, mpaka watu wakadhani wakishatetemeka wameshakubali.

Nimeandika sura moja, ya usiku ambao baragumu linapulizwa na mji mzima unatoka kuketi vizingitini. Kila kifua kinatikisika. Vyombo vinagongana rafuni. Mtoto mmoja analia, mama yake anamshika mdomo, kisha anauachia. Linapulizwa mara ya pili. Mara ya tatu. Sijui bado kinachofuata. Nimeacha ukurasa mtupu hapo na nimeridhika nao.

Jumamosi asubuhi, baada ya usiku ule wa mshumaa, nilikuwa nakaanga maandazi. Mafuta yalikuwa yamechemka, mikono ina unga mpaka viwiko. Yule mdogo alikuja, bado na shuka begani, akavuta kigoda, akakaa nyuma yangu. Sikugeuka. Nikatia andazi, nikatia la pili.

"Pakawa," akasema.

Nikazima jiko.

Hapo zamani za kale, nikamwambia, palikuwa na Sungura, na palikuwa na mama mmoja mwenye shamba la mihogo.